Mabati ya Nyumba ya Enesi

Mwanangu Yotamu,

Nimeliandika jina lako na kulitazama kwa muda, maana sijawahi kulitamka. Mtoto hamwiti baba yake kwa jina. Lakini na wewe hujaniita Enesi hata siku moja. Tangu nilipozaliwa na kupewa jina la mama yako, umeniita Mama. Wanasema ulikuwa ukirudi shambani unaniamkia, "Mama, shikamoo," nami, meno hayajatimia kinywani, naitikia "Ahaba," watu wanacheka. Mke wako, mama yangu mzazi, naye hajaacha utani wake: "Muulizeni mama mkwe wangu kama ameosha sufuria." Nimekua ndani ya jina hili kama ndani ya sare iliyoshonwa kubwa ili nidumu nayo miaka mingi. Leo mchana, ulipokuwa juu ya ngazi na nyundo mkononi, ndipo nilipoona kwamba sare imenienea.

Uliuliza kutoka huko juu, bila kunitazama: "Mama, unasemaje? Niyavue au niyaache?"

Nikadhani ni utani wetu wa kila siku. Nikasema, "Baba, mimi shuleni nafundishwa Jiografia, mabati hatujayafikia."

Hukucheka. Ulikaa palepale, mkono mmoja juu ya paa, kama mtu anayempapasa ng'ombe mgonjwa. Kisha ulishuka, ukaiweka nyundo kwenye kizingiti, ukasema unavuka bonde kwenda kumuaga Mama Sikujua. Lori la Fuso linakuja kesho asubuhi kukuchukua wewe na mabati, na hujang'oa msumari hata mmoja.

Sasa nimekaa hapa kizingitini, jua linashuka upande wa Zambia, na najua kwamba ulikuwa unauliza kweli.

Nilikuwepo siku ile Bibi alipokushika mkono pale kitandani. Alisema, "Yotamu, nyumba hii usiivue bati mpaka mimi mwenyewe niseme." Wewe ukajibu, "Ndiyo, mama." Akafariki kabla ya mvua za kwanza, hajasema. Tangu hapo wenzako wamehama mmoja mmoja na nyumba zao, mpaka tumebaki sisi. Kila aliyeondoka alivua bati lake, akalifunga kwa kamba, akalipeleka Ndalambo, Mpemba au Tunduma, na nyuma zikabaki kuta zinazonyeshewa mpaka zinakuwa vichuguu. Kwetu tu ndiko kunakong'aa jua likipiga. Na huko Mpemba mkeo amesimamisha kuta za tofali mbichi mpaka usawa wa linta, juu ya madirisha, anapiga simu kila jioni kusema ameona mawingu. Tofali mbichi likinyeshewa linarudi kuwa udongo. Mabati mapya hatuna uwezo nayo. Usipoyavua haya, nyumba ya huko itayeyuka. Ukiyavua, umemvunjia mama yako ahadi. Na mwenye kauli hiyo yuko kaburini, jina lake likiwa kwangu.

Kwa hiyo nakuandikia kama mama. Sitakuambia habari za kula wala kulala mapema wala kujihadhari na watu wa mpakani. Hayo mkwe wangu atayasimamia, tena kwa sauti kubwa. Nataka tukumbuke pamoja siku ya filamu, kwa sababu nadhani jibu lilitolewa siku ile, na sote tulikuwa tumechoka mno kulisikia.

Unakumbuka mwenyekiti alivyotangaza kanisani? Kwamba vijana wanatoka Mbeya kuja kupiga filamu fupi, na kati ya vijiji vyote wamechagua kitongoji chetu. Hakuna aliyeuliza filamu inahusu nini. Wageni wanakuja, basi. Wanawake waliobaki, ambao hawafiki mstari mmoja wa kwaya, waliteremka bondeni kuchota udongo mweupe. Tulizisiriba nyumba zetu, na tulipomaliza, Mama akasema, "Na hizi za majirani tuziache hivi hivi? Wageni watasema tuna roho mbaya." Tukasiriba na magofu. Tulifagia nyua ambazo hakuna mtu aliyekanyaga tangu wenyewe wahame. Tulipanga mawe kando ya njia. Wewe ulivaa koti lako la harusi, lile lisilofungika tena.

Yule kijana mwenye kofia, ambaye wenzake walimwita Dairekta, alishuka kwenye gari akashika kichwa.

"Jamani," alisema, "mbona pamependeza hivi?"

"Asante," ukamjibu.

"Hapana, mzee wangu, sina maana hiyo. Filamu yetu ni ya kijiji kinachokufa. Tuliwaomba mkiache kilivyo."

Ukamtazama, ukautazama ule udongo mweupe kwenye kuta zisizo na paa. "Kwani kwenu, kijana, maiti haioshwi?"

Watu walicheka, na yeye akacheka, lakini nilimwona akigeuka kando kuandika neno lako kwenye simu yake. Mimi pia nilicheka. Sikujua kwamba ulikuwa umesema jambo la kweli kuliko yote yatakayosemwa siku ile.

Walitaka uigize baba anayehama. Ulikubali. Walitaka uvue bati la nyumba yetu, bati moja tu, mbele ya kamera, halafu watalirudisha. Ulikataa. "Nyumba hiyo ina mwenyewe," ulisema. Dairekta akauliza mwenyewe yuko wapi aombwe, nawe ukaninyooshea kidole mimi, niliyekuwa nimebeba ndoo. Wote wakadhani unafanya mzaha. Mwishowe walikutwika mabati mawili chakavu waliyokuja nayo, wakakuambia ushuke nayo njia ya bondeni bila kugeuka nyuma.

Ulishindwa. Ulikwenda vizuri mpaka kwenye ule mgomba wa mwisho, kisha shingo ikakugeuka.

"Kata! Mzee, usigeuke."

"Sijageuka."

"Umegeuka, mzee wangu, tumekuona."

"Hiyo ni shingo tu. Mimi nilikuwa naendelea mbele."

Ukarudi, ukatwikwa tena, ukashuka tena, na palepale kwenye mgomba ukageuka. Mama alikuwa anakutania kwa sauti: "Wanaume wa huku! Kuhama hawawezi hata kwa kuigiza!" Mpaka Dairekta akasema basi, mwache ageuke, tutatafuta namna.

Ndipo akanijia mimi. Alitaka mama wa yule baba, mwanamke anayebaki uani akimlilia mtoto anayeondoka kama anavyoliliwa mtu aliyekufa. Mabibi wote walikuwa wamekataa. Walisema kilio hakijaribiwi. Mimi sikuona ubaya. Nilijiona msomi, mtu wa kidato cha tatu, anayejua kwamba mchezo ni mchezo. Nikajifunga kile kitenge cha Bibi cha maua mekundu, nikasimama uani.

"Lia," akasema Dairekta.

Sikuweza. Nitamlilia nani? Kilio kinataka mtu. Nikakuona unashuka kwa mara ya mwisho, mabati kichwani, koti limekubana mabegani, na sijui nini kilinipata. Nikaacha kuwa mimi. Nikapiga ukelele: "Mwanangu ee! Mwanangu, unaniacha na nani? Nyumba hii nitaifunga na nani?" Kamera ilikuwa imekwisha kuzimwa, bado nalia. Wewe kule kwenye mgomba uliyatua mabati, ukasimama.

Sauti ile ilivuka bonde.

Unajua yaliyofuata, lakini acha nikusimulie, maana wewe ulikuwa unatazama chini. Kwanza alitokea Mama Sikujua, beseni la unga kichwani, kanga kiunoni, anahema. Nyuma yake wanawake na maharage na kuni. Nyuma yao wanaume wenye majembe na sururu, tayari kuchimba kaburi. Walikuja na wale waliokwisha kutuhama, waliokuwa wamerudi kuvuna ufuta kwenye mashamba yao ya zamani. Kwa muda mfupi ua wetu ulijaa watu kuliko Krismasi yoyote ninayoikumbuka.

"Ni nani?" Mama Sikujua aliuliza huku analia tayari. "Ni nani, jamani? Niambieni ni nani!"

Dairekta akajitokeza kwa adabu. "Mama, samahani sana. Hakuna aliyefariki. Tulikuwa tunaigiza."

Alitua beseni chini taratibu sana.

"Hakuna aliyefariki."

"Hapana, mama."

"Kwa hiyo mimi nimeacha maharage yangu yanaungua jikoni, nimekimbia na goti hili bovu, nimelia njia nzima, kwa ajili ya watu wazima wasio hata na mafua?"

Mtu mmoja nyuma akacheka. Mama Sikujua akamgeukia: "Cheka! Cheka, halafu unga huu ukaurudishe wewe kwako." Yule akaacha kucheka, kwa sababu hakuna asiyejua. Unga uliotoka nyumbani kwenda msibani haurudi. Ukirudi, hurudi na jambo. Hata jembe lililobebwa kwa ajili ya kaburi halirudi halijagusa udongo.

"Haya," akasema, mikono kiunoni. "Unga umekuja, kuni zimekuja, majembe yamekuja. Tafuteni marehemu!"

Nilitamani ardhi inimeze. Nilidhani utanigombeza mbele ya watu. Wewe ulipanda kutoka bondeni na koti lako, ukapita katikati yao, ukasema kwa sauti ndogo, "Marehemu mnaye. Mmempita njiani."

Ukaonyesha kwa kidevu zile kuta nyeupe. Ukataja aliyekuwa akiishi hapa, na aliyekuwa akiishi pale, na ule ukuta uliokuwa darasa letu kabla shule haijahamishiwa mbali, na jinsi kengele ya kipande cha reli ilivyokuwa inasikika mpaka mashambani. Hukuhubiri. Ulitaja tu, kama mtu anayewaonyesha wageni mipaka ya shamba. Na yule aliyecheka ndiye aliyeanza kulia, kwa sababu ulikuwa umefika kwenye nyumba ya baba yake, aliyoivua bati yeye mwenyewe kwa haraka, siku moja, na kuondoka bila kuaga.

Basi tukakaa msiba. Wanaume walikwenda kwenye kile kisima kilichokauka, kilichowahi kummeza ndama wetu, wakakifukia mpaka juu, wakasawazisha udongo kwa migongo ya majembe kama wanavyofanya makaburini. Wanawake walipika ugali. Dairekta alikuwa anachota maji kwa ndoo yangu, kofia ameiweka mfukoni, na kamera ilikaa kwenye kiti imefunikwa kanga. Hakuna aliyepiga picha. Ziliimbwa nyimbo za mazishi, zote, mpaka zile ndefu ambazo siku hizi watu huziruka. Kesho yake tukaanua matanga. Mama Sikujua aliufagia ua wetu kwa mkono wake, akakung'uta kanga, akasema, "Msiba umekwisha. Sasa kila mtu aende anakokwenda, asiogope."

Filamu yenyewe hatujaiona. Waliahidi kututumia kwenye simu. Nadhani humo watu wataona njia tupu, mgomba, na mwanamume anayegeuka. Watasema, masikini, kijiji kimekufa hakina hata mtu wa kukililia. Hawatajua.

Mwanangu, mama mwingine angejaza barua hii makosa yake ili mtoto asiyarudie. Mimi makosa ya umri wangu ni machache na madogo. Nilidhani kilio ni mchezo, na leo nimekujibu kwa mzaha ulipohitaji neno. Lakini jina langu lina kosa kubwa kuliko mimi, na hilo ndilo linalonitia uchungu. Nilikufunga. Nilikufunga kwa maneno ukiwa umenishika mkono, wakati ambapo mtoto hawezi kusema hapana. Nikaondoka na ufunguo.

Nimejiuliza jioni hii yote kwa nini Bibi alisema vile, yeye asiyekuwa mtu wa kung'ang'ania vitu. Nimegeuka kuutazama mlango wetu, huu niliouegemea, nikakumbuka. Mlango huu ni mzee kuliko nyumba. Bibi alinisimulia tukipembua ulezi. Kwao ni ng'ambo, Zambia, na mama yake alipofariki yeye alichelewa njiani. Alipofika, kaka zake walikuwa wamekwisha kuivua nyumba, na watu bado wamekaa msibani. Aliingia chumbani kwa mama yake akaona mbingu. Hilo ndilo alilorudia kuniambia: "Niliinua macho nikaona mbingu, na mama hata hajamaliza kuliliwa." Aliuchukua mlango, maana ndio pekee uliokuwa umesahauliwa, akaja nao mpaka huku kwa kichwa. Babu alipojenga nyumba hii, aliujenga ukuta kwa kipimo cha mlango.

Kwa hiyo, mwanangu, mama yako hakuogopa nyumba yake kuvuliwa. Yeye mwenyewe alibeba mlango wa nyumba iliyokufa, akausimamisha kwingine, ukafunguka na kufungwa miaka yote hii bila laana yoyote. Aliogopa kuvuliwa kabla ya kuliliwa. Hakupata namna ya kulisema hivyo, pumzi ilikuwa fupi, akasema mpaka niseme. Na siku ile uani kwake, ndani ya kitenge chake, kwa mdomo wangu, nyumba ilililiwa. Mahali pote palililiwa. Unga uliliwa, majembe yaligusa udongo, ua ulifagiwa. Deni lipi limebaki?

Naweza kuwa nimekosea. Mimi ni mtoto wa shule, na mwalimu wetu anasema nina tabia ya kutaka kila hadithi iwe na maana. Lakini uliniuliza mimi, na hakuna Enesi mwingine wa kukujibu. Nimeufuta mkono wangu vizuri kabla ya kuandika sentensi hii, ili usiwe na shaka na herufi hata moja.

Mimi Enesi, mama yako, nasema: vua.

Anza na upande wa jikoni, misumari yake imeshika kutu na itakusumbua, bora uimalize ukiwa na nguvu. Vile vipande vya kandambili ulivyoweka chini ya misumari ili maji yasipite, usivitupe. Vile vya bluu ni vya kandambili za Bibi, nakumbuka ulivyozikata baada ya mazishi, ukasema mama ataendelea kutuzuilia mvua. Azuie na ya Mpemba.

Na mlango nao uende. Ufungeni juu kabisa ya mabati, usikwaruzwe. Mkifika, msianze na paa hata kama mawingu yamejaa. Simamisheni mlango kwanza, halafu ndipo mpande juu. Nyumba yenye mlango hata mvua huibishia hodi.

Najua unaona aibu ya kwenda kuwa mlinzi wa malori ya watu huko mpakani, wewe uliyelima shamba lako mwenyewe. Sina dawa ya aibu hiyo. Ninachokijua ni kwamba siku ile mlikuwa wanaume wengi uani, na aliyejua la kusema ni wewe. Hilo halitabaki huku. Na huko Mpemba wakikuuliza unatoka wapi, usiwaambie unatoka mahali palipokufa. Waambie unatoka mahali palipoliliwa vizuri. Ni tofauti kubwa. Wengi hawakupata hivyo.

Usinihurumie. Nikishalisindikiza Fuso kwa macho nitafagia ndani, nifunge vitabu vyangu, nirudi hosteli Ndalambo kabla ya roli kolu ya jioni, tunapoitwa majina. Likizo nitakuja Mpemba. Sitauliza njia. Nitatazama milango mpaka niuone wetu, na nitapiga hodi kama mgeni, ili nikusikie ukiitika, "Karibu, Mama."

Jua limezama na nasikia watu wanaongea bondeni, nadhani ni wewe na Mama Sikujua, amekataa urudi peke yako. Barua hii naiweka chini ya nyundo, ambapo hutashindwa kuiona.

Neno moja la mwisho. Kesho Fuso litakapokufikisha kwenye ule mgomba, hakutakuwa na kamera, wala mtu wa kukuambia kata. Mimi nitakuwa nimesimama hapa, kwenye uwazi wa mlango, bila mlango na bila paa, mbingu iko wazi juu yangu, na sitaogopa.

Geuka, mwanangu. Geuka nikuone.

Enesi